Kuandika Namba Ndefu kwa Njia Fupi

Watoto wapenzi, kabla ya kufungua daftari la hesabu, sikilizeni habari moja ya utoto wangu.

Mwaka 1993 nilikuwa mtoto wa miaka kumi na miwili. Tulikaa Kalemie, kando ya ziwa Tanganyika. Mama yangu aliuza ndagala sokoni, nami nikitoka masomoni nilikwenda kumsaidia. Feza yetu wakati ule iliitwa zaire, na bei zilikuwa zikipanda kila juma. Ulinunua unga leo kwa bei moja, siku ya tatu bei ile ilikuwa imekwisha kufa. Kwa hiyo noti nazo ziliongezewa zero. Kulikuwa na noti ya 100.000, na ya 200.000, na ya 500.000, na ya 1.000.000. Mwisho wa mwaka 1992 ilikuwa imetoka hata noti ya 5.000.000.

Siku moja mama aliondoka kidogo kwenda kutafuta chumvi, akaniachia meza. Akaja mtu, akachukua ndagala za 100.000, akanipa noti iliyokunjwa. Nilitazama, nikaona moja na zero nyingi. Nikasema moyoni mwangu: hii ni milioni. Nikamrudishia mabaki, 900.000. Alizipokea, akaenda zake.

Mama aliporudi alikunjua noti ile, akaweka kidole juu ya zero, moja moja: moja, mbili, tatu, ine, tano. Akatafuta ya sita. Haikuwako. Ilikuwa noti ya 100.000. Yule mtu alikuwa amelipa bei sawasawa, na mimi nilimpa 900.000 za bure.

Mama hakunipiga. Aliuliza tu: «Mwanangu, huko masomoni mnasoma nini?» Jioni ile tulikula ndagala bila bukari.

Sasa niambieni, kosa langu lilikuwa nini? Nilijua kusoma, nilijua kutoa na kujumlisha. Lakini macho yangu hayakuhesabu zero. Jicho la mtu huona zero tatu mara moja. Zikiwa sita, lazima lisimame na kuhesabu. Zikiwa kumi na mbili, linapotea njia kabisa. Na kosa la zero moja si kosa dogo: namba inakuwa kubwa mara kumi, au inapungua mara kumi. Leo tutajifunza namna ya kuandika inayohesabu zero mbele yetu, mara moja tu, na kutuandikia jibu wazi.

Kumbukeni kwanza alama zetu. Katika somo hili nukta inatenga maelfu, na mkato unatenga sehemu zilizo ndogo kuliko moja. 1.500 ni elfu moja na mia tano, bali 1,5 ni moja na nusu.

Kumi na kipeo chake

Chukueni chaki. Andikeni:

10 × 10 = 100
10 × 10 × 10 = 1.000
10 × 10 × 10 × 10 = 10.000

Mnachoka? Mnaona kwamba tunarudia kitu kimoja. Basi, badala ya kuandika kumi tatu zinazozidishana, tunaandika 10³. Ile namba ndogo iliyopanda juu tunaiita kipeo. Kazi yake ni kusema ni kumi ngapi zinazozidishana. 10⁴ ni kumi ine zinazozidishana, yaani 10.000. 10⁶ ni milioni. Tunasoma: kumi kwa kipeo cha sita.

Hesabuni zero za 1.000.000. Ni sita. Kipeo nacho ni sita. Kama mama yangu angalipewa noti iliyoandikwa 10⁵, na mimi nikaambiwa kwamba milioni ni 10⁶, hata mtoto wa darasa la pili angaliona kwamba tano si sita.

Msikosee hapa: 10³ si 10 × 3. Kila mwaka nakuta watoto wanaoandika 10³ = 30. Kumi mara tatu ni 30, ndiyo, ni kumi tatu zilizojumlishwa. Lakini kipeo kinazidisha, hakijumlishi.

Baada ya milioni tunahesabu milioni elfu moja, na sisi katika Kongo tunaiita miliari, kama tulivyopokea kwa Kifaransa. Ni 10⁹. Sasa mkienda ng'ambo ya ziwa, Kigoma, mtasikia ndugu zetu wa Tanzania wakisema bilioni. Bilioni yao ni ile ile miliari yetu, 10⁹. Lakini katika vitabu vya Kifaransa bilioni ni kitu kingine, ni milioni mara milioni, yaani 10¹². Neno ni moja, lakini moja ni kubwa kuliko nyingine mara elfu! Wafanya biashara wawili wanaweza kugombana bure. Wakiandika 10⁹, hakuna ugomvi.

Namba zisizo moja na zero tu

Si kila namba ni moja na zero. Sita milioni tunaiandika hivi: 6 × 10⁶. Tunasema kuna milioni, na ziko sita. Ni rahisi.

Lakini nchi yetu je? Ukubwa wa Kongo ni karibu kilometa za mraba 2.345.000. Hapa tunafanya hivi: tunaweka mkato nyuma ya tarakimu ya kwanza, tunapata 2,345. Halafu tunahesabu tarakimu zote zilizobaki nyuma ya ile ya kwanza: 3, 4, 5, 0, 0, 0. Ni sita. Basi:

2.345.000 = 2,345 × 10⁶

Angalieni vizuri. Kipeo ni sita, lakini namba hii ina zero tatu tu. Kwa nini? Kwa sababu mkato ulitembea hatua sita, na katika hatua tatu za mwisho ulikanyaga 5, na 4, na 3. Kipeo kinahesabu hatua za mkato. Ni katika namba kama 1.000.000 au 6.000.000 tu kwamba hatua na zero zinalingana. Mtoto anayehesabu zero peke yake ataandika 2,345 × 10³, na nchi yetu yote itakuwa na kilometa za mraba 2.345, ndogo kuliko ziwa Kivu!

Namba ya mbele nayo ina sheria yake: isipungue moja, isifike kumi. Tarakimu moja tu inasimama mbele ya mkato, nayo isiwe zero. Mtu akiandika 23,45 × 10⁵ hajasema uongo, hesabu yake ni kweli. Lakini ameandika namna yake, na mwingine ataandika namna nyingine, na sisi tunataka watu wote wasome kitu kimoja.

Maji ya ziwa letu

Sasa tutafanya kazi kubwa kidogo. Ziwa Tanganyika ni refu, na kilindi chake kinafika karibu meta 1.470. Wataalamu wamepima maji yake, wakapata karibu kilometa za ujazo 18.900. Kilometa moja ya ujazo ni kama sanduku lenye urefu wa kilometa moja, upana wa kilometa moja, na kwenda chini kilometa moja. Je, ziwa lina lita ngapi?

Kilometa moja ina meta 10³. Basi sanduku lile lina meta za ujazo 10³ × 10³ × 10³. Kumi tatu, na kumi tatu, na kumi tatu, zote zinazidishana: jumla ni kumi tisa. Kwa hiyo ni 10⁹. Mmeona? Hatukuzidisha kitu, tulijumlisha vipeo tu: 3 + 3 + 3 = 9. Ndiyo faida kubwa ya njia hii, inageuza kazi ya kuzidisha kuwa kazi ya kujumlisha.

Meta moja ya ujazo ina lita 1.000, yaani 10³. Basi kilometa moja ya ujazo ina lita 10⁹ × 10³ = 10¹². Na kilometa za ujazo za ziwa letu ni 18.900, yaani 1,89 × 10⁴. Tunazidisha:

1,89 × 10⁴ × 10¹² = 1,89 × 10¹⁶

Ziwa Tanganyika lina karibu lita 1,89 × 10¹⁶. Mwenye kutaka, aandike namba ile kwa urefu: 18.900.000.000.000.000. Ampe jirani yake aisome bila kuweka kidole.

Ukipiga hesabu hii katika simu, pengine utaona 1.89E16. Usifikiri kwamba simu imeharibika. Kioo chake ni kidogo, hakina mahali pa kupandisha kipeo juu, basi inaandika E, maana yake «mara kumi kwa kipeo cha». Nayo nukta inasimama pale tunapoweka mkato.

Karibu na Kalemie maji ya ziwa yanatoka kwa mto Lukuga, yanaingia Lualaba, na mwisho yanafika katika mto Kongo mpaka baharini. Huko mwisho mto Kongo unamwaga baharini karibu meta za ujazo 41.000 kila sekunde. Mtoto mmoja aliniuliza: kama ziwa lote lingetoka kwa nguvu ya mto Kongo mzima, na mvua isinyeshe, lingekwisha lini? Nilipenda swali lake, kwa sababu linafundisha kugawanya.

Maji ya ziwa ni meta za ujazo 1,89 × 10¹³ (tumetoa kipeo cha tatu, kwa sababu sasa tunahesabu meta za ujazo, si lita). Maji ya mto katika sekunde moja ni 4,1 × 10⁴. Tunagawanya namba za mbele, na vipeo tunavitoa:

1,89 : 4,1 = karibu 0,461
13 − 4 = 9

Tumepata sekunde 0,461 × 10⁹. Lakini ngoja! Mbele ya mkato kuna zero, na sheria inakataa. Tunasogeza mkato hatua moja kwenda kuume, namba ya mbele inakuwa kubwa mara kumi, 4,61. Ili hesabu isibadilike, lazima kipeo kipungue moja: 4,61 × 10⁸. Kimoja kikipanda, kingine kinashuka, kama ndoo mbili katika kamba moja ya kisima.

Mwaka mmoja una siku 365, na kila siku ina saa 24, na kila saa ina sekunde 3.600. Zidisheni wenyewe, mtapata 31.536.000, yaani karibu 3,15 × 10⁷. Tunagawanya tena:

4,61 : 3,15 = karibu 1,46
8 − 7 = 1

Jibu ni 1,46 × 10¹, yaani karibu miaka 14 na nusu. Mto mkubwa kuliko yote ya Afrika kwa maji ungefanya kazi usiku na mchana miaka 14 na nusu ili kulimaliza ziwa letu.

Mtu aliyehesabu mchanga

Haja hii ya kuandika namba kubwa ni ya zamani sana. Katika mji wa Syracuse, katika kisiwa cha Sicilia, alikaa Mgiriki mmoja jina lake Archimedes, aliyekufa mwaka 212 kabla ya Kristu. Wagiriki wa wakati ule walikuwa na jina la 10.000, na juu yake hawakuwa na jina lingine. Watu walisema kwamba mchanga hauhesabiki. Archimedes alimwandikia mfalme Gelon kitabu kidogo, akasema: unahesabika. Alichukua 10.000 mara 10.000, yaani 10⁸ yetu, akaifanya kuwa kipimo kipya, akapanda tena kutoka pale, na tena, mpaka akapata namba ya chembe za mchanga zinazoweza kujaza ulimwengu wote mpaka kwenye nyota, kama Wagiriki walivyoufikiri. Kwa njia yetu namba yake inaandikwa 10⁶³. Yeye aliieleza kwa maneno marefu, kwa sababu hakuwa na zero wala kipeo. Zero ilitoka kwa Wahindi, Waarabu wakaieneza. Sisi tunasema zero, ndugu zetu wa pwani wanasema sifuri, na maneno hayo mawili yametoka katika neno moja la Kiarabu. Kipeo kidogo cha juu kilienea baada ya Mfaransa René Descartes kukiandika hivyo katika kitabu chake cha mwaka 1637.

Kujumlisha kuna mtego

Mmezoea sasa kujumlisha vipeo wakati wa kuzidisha. Basi nawatega: 3 × 10⁶ + 4 × 10⁵ ni ngapi?

Wengi wataandika haraka 7 × 10¹¹. Rudini sokoni pamoja nami. Una noti tatu za milioni na noti ine za laki moja. Ziweke mkononi. Je, umekuwa na miliari mia saba? Hapana, una milioni tatu na laki ine. Noti za namna mbili hazihesabiwi pamoja mpaka uzivunje ziwe namna moja. Laki ine ni 0,4 ya milioni, yaani 0,4 × 10⁶. Basi:

3 × 10⁶ + 0,4 × 10⁶ = 3,4 × 10⁶

Wakati wa kujumlisha na kutoa, vipeo lazima vilingane kwanza, navyo havijumlishwi kamwe.

Na ukitaka kujua namba ipi ni kubwa, usitazame mbele, tazama kipeo. 9 × 10⁷ na 2 × 10⁸, ipi kubwa? Tisa inajivuna, lakini mbili ina kipeo cha nane. Ya pili ndiyo kubwa, zaidi ya mara mbili. Vipeo vikilingana tu, ndipo namba za mbele zinapima nguvu.

Feza iliyopoteza zero zake

Tumalize habari ya zaire. Mwaka 1967 zaire moja iliwekwa mahali pa franka 1.000 za wakati ule. Mwezi wa kumi wa mwaka 1993, miezi michache baada ya kosa langu, ilikuja zaire mpya, na zaire mpya moja ilipokea mahali pa zaire za zamani 3.000.000. Mwaka 1998 ikaja franka tunayotumia leo, na franka moja ilichukua mahali pa zaire mpya 100.000. Je, franka moja ya 1998 ilikuwa sawa na franka ngapi za mwaka 1967?

10³ × 3 × 10⁶ × 10⁵ = 3 × 10¹⁴

Vipeo tatu, na sita, na tano: kumi na ine. Andikeni 300.000.000.000.000 ubaoni, mpate kuona. Watu wazima waliokuwa na feza kidogo ndani ya sanduku waliona zikifutika, na wengi hawakuelewa zilikwenda wapi.

Na zile 900.000 nilizopoteza? Ni zaire za zamani 9 × 10⁵. Franka moja ya 1998 ni zaire za zamani 3 × 10¹¹. Tukigawanya, tunapata 9 : 3 = 3, halafu tunatoa 5 − 11. Hapa tunafika chini ya zero, na hilo ni somo la juma lijalo, la namba ndogo sana. Kwa leo semeni hivi: ukigawanya franka moja kuwa vipande milioni moja, hasara yangu ilikuwa vipande vitatu. Hata hivyo, siku ile ilikuwa unga wa jioni.

Maulizo

1. Andika kwa njia fupi: 700.000, 45.000.000, 384.000 (karibu kilometa hizi ziko kati ya dunia na mwezi).

2. Andika kwa urefu: 6 × 10⁴, 2,05 × 10⁷.

3. Ipi kubwa, 8,9 × 10⁶ au 1,2 × 10⁷? Zijumlishe. Kumbuka noti za namna mbili.

4. Jua liko mbali nasi karibu kilometa 1,5 × 10⁸. Mwanga unakwenda karibu kilometa 3 × 10⁵ katika sekunde moja. Mwanga wa jua unatumia sekunde ngapi kufika kwetu? Ni dakika ngapi?

5. Kazi ya nyumbani, wawili wawili. Jazeni kikombe kimoja kwa mahindi makavu, hesabuni chembe zake zote. Ulizeni mama ni vikombe vingapi vinavyojaza gunia moja. Tafuteni chembe za gunia zima, muandike kwa njia fupi. Namba zenu za mbele zikitofautiana kidogo na za wenzenu, si kitu, mahindi hayalingani. Lakini vipeo vikitofautiana, hesabuni tena kikombe kwanza, ndipo mlete daftari.